Aliyeninyang'anya Maiki Mbele ya Bibi Harusi

"Nipe maiki."

"Subiri, nimalizie kiitikio..."

"Nimesema nipe maiki, unatuaibisha!"

Akaninyang'anya! Mume wangu wa ndoa, mbele ya bibi harusi, ukumbi mzima ukitazama. Kisha akawageukia wageni na lile tabasamu lake la kuomba radhi.

"Mtusamehe jamani. Koo la mwenzangu limechoka siku hizi..."

Watu wakacheka. Kuna mama mmoja meza ya mbele alicheka mpaka akashika mbavu. Mama, kama unasoma hapa, sura yako ninayo.

Ngoja nieleze vizuri, maana hasira zitanifanya nirukeruke.

Mimi ni mwimbaji wa harusi. Mume wangu, wote wanamwita Maestro, ni mpiga kinanda. Zamani tulikuwa na bendi. Siku hizi ngoma, besi na gitaa vyote viko ndani ya app kwenye simu yangu. Yeye anapanga ala na kubonyeza, mimi naimba. Nyimbo nilizitunga mimi, jikoni kwangu, mtoto mgongoni.

Sasa, miezi ya karibuni sauti ikaanza kunisaliti. Nikifika kwenye kiitikio, inapasuka. Kila wiki ikawa afadhali ya iliyopita.

"Umri huo, mke wangu," Maestro ananiambia huku ananisugua bega. "Kubali tu. Pumzika."

Umri! Hata arobaini sijafika!

Nikaenda kwa daktari. Akanimulika kooni, akazima tochi.

"Koo zima kabisa hili. Nani kakwambia linaumwa?"

Sikumwamini daktari. Nikamwamini mume.

Basi, siku chache baada ya ile aibu ya ukumbini, niko nafua nguo, naimba bila hata kujijua. Wimbo ule ule ulioniumbua! Nikafika kwenye kiitikio... sauti ikapanda yenyewe, laini, kama zamani.

Nikaacha kufua. Mikono ina povu. Nikarudia. Safi!

Nikachukua simu, nikafungua app, nikaimba na ala zake. Kiitikio kikafika... kwaa! Ikapasuka.

Nikakaa chini. Koo ni lile lile. Kilichoongezeka ni simu.

Nikaanza kuichokonoa. Nikabadilisha waya wa spika. Nikazima simu, nikawasha. Nikafuta app, nikaipakua upya. Wapi!

Nikaingia kwenye mipangilio ya nyimbo, sehemu ambayo siku zote ilikuwa ya Maestro. Huko kuna kitu wanamuziki tunakiita kii, yaani kimo cha sauti ambacho wimbo unachezwa. Pale panatakiwa pawe sifuri. Palikuwa na +3.

Wimbo umepandishwa ngazi tatu juu! Na mimi huimba kwa sikio. Ala zikianzia juu, naanzia huko huko juu, kiitikio kikija nagonga dari. Nikafungua wimbo wa pili. Wa tatu. Zote!

Nikarudisha sifuri, nikahifadhi, nikaimba. Jamani, nililia. Koo langu lilikuwa hai!

Hata machozi hayajakauka, namba ikahama kwenye kioo. Moja... mbili... tatu. Yenyewe! Mkono wangu uko shavuni, nani anabonyeza?

Nikafungua ukurasa wa akaunti. Simu zilizounganishwa ni mbili. Ya kwanza yangu. Ya pili imeandikwa "Kasuku", na chini yake: "Inacheza sasa".

Kasuku ni mdogo wangu. Wa tumbo moja! Jina hilo nilimpa mimi tukiwa watoto, kwa sababu kila nilichoimba alikiiga. Na sauti yake iko juu kuliko yangu.

Maestro alikuwa ameniaga anapeleka kinanda kwa fundi.

Nilitoka na ndala zisizofanana. Moja kwa moja hadi kwenye chumba chetu cha mazoezi, nyuma ya ukumbi. Tangu ngazini nikausikia wimbo wangu kwenye mdomo wa mwingine.

Nikasukuma mlango. Kasuku kashika maiki, kavaa gauni langu la jukwaani. Maestro yuko pembeni, simu ya Kasuku mkononi.

"Mwizi mkubwa wewe!" Nikamwendea Kasuku, mkono juu.

Akaangusha maiki... akanikumbatia! Analia!

"Dada! Unaongea?!"

"Nini?"

"Shemeji alisema koo limeharibika! Alisema daktari amekukataza kuongea, nisikupigie hata simu! Alisema umeniachia nyimbo nikutunzie!"

Mkono wangu ukabaki hewani. Nikamgeukia mwanamume.

"Mke wangu, naweza kueleza..."

"Eleza."

"Wateja wanataka sura mpya. Nilipandisha kii kwa ajili yake tu, sikujua app inabadilisha na kwako. Ukaanza kukwama. Mara ya kwanza nilishtuka mwenyewe!"

"Na mara ya pili?"

Akaanza kuizungusha simu mkononi.

"Nimekuuliza, na mara ya pili?!"

"Nikaona... ni rahisi kuliko kukwambia."

Rahisi! Mtu ananitazama kila asubuhi nasukutua maji ya chumvi. Ananisikia bafuni namwomba Mungu anirudishie sauti. Na kumbe kitufe kiko kwake!

Sikumpiga. Nilitaka, Mungu anajua. Nilishika simu yangu, nikabadilisha neno la siri, nikabonyeza "Ondoa simu nyingine zote". Muziki ukakatika.

"Usifanye hivyo! Jumamosi tuna harusi!"

Kasuku alikuwa ameshaanza kufungua vifungo vya gauni langu. Akamtazama.

"Mna harusi wewe na nani, shemeji?"

Harusi ile tuliimba mimi na mdogo wangu. Yeye juu, mimi chini, kila mtu kwenye kimo chake, na app niliiendesha mwenyewe. Maestro anakaa kwa kaka yake. Anawaambia watu nina hasira sana. Ndiyo, ninazo!

Wapendwa, mtu akikwambia umekwisha, usikimbilie kulia. Kwanza tazama yeye anapata nini ukinyamaza. Na usikubali kazi yako iwe na vifungo ambavyo mwingine tu ndiye anajua kuvibonyeza, hata kama mnalala kitanda kimoja.

Na wale mnaojiandaa kuniandikia "msamehe, ni mumeo"... msijisumbue. Bado sijamaliza kukasirika.