Niliomba Nafasi ya Mtu Aliye Hai

Nina miaka thelathini na nane, ni mama wa watoto wanne, na ninauza maharagwe hapa Mabanga, Goma. Wasomaji wenzangu, msinihurumie. Ninayoyaandika yananichefua mimi mwenyewe.

Miaka sita iliyopita mume wangu alikwenda Butembo kutafuta mali, akapata mke mwingine. Nikabaki na watoto na diploma yangu. Ofisi moja ya Serikali, sitaitaja, ikatangaza nafasi tisa za ukarani. Siku ya mtihani kalamu yangu ilikauka katikati. Jirani yangu wa benchi, kijana mpole wa Masisi aitwaye Bauma, akanisukumia kalamu yake ya pili.

Matokeo yakabandikwa ukutani. Bauma alikuwa wa tisa. Mimi wa kumi! Nikawekwa wa kwanza kwenye orodha ya akiba. Chini yangu alikuwapo kijana mmoja, mpwa wa mkubwa wa ofisi. Tukaambiwa kwamba mmoja wa wale tisa akiondoka kabla mwaka haujaisha, wa akiba aandike barua kuomba nafasi yake. Mwaka ukiisha, orodha inatupwa.

Basi nikawa nawatazama wale tisa kama mwewe anavyotazama vifaranga.

Mwezi wa kumi Bauma akaugua ini. Tumbo likavimba, macho yakawa ya manjano. Nilikwenda kwake Murara na sufuria ya maharagwe. Nikarudi juma lililofuata, na lililofuata... Mkewe, Mama Furaha, akaniita dada. Mama mzazi wa Bauma alishuka kutoka Masisi na jibini nzima, akanipa kwa mikono miwili kunishukuru. Je, walijua nilichokuwa nafuata pale? Nilikuwa naangalia lile tumbo! Likipungua, narudi nyumbani nimenuna. Likizidi, natembea haraka. Hata rozari nilisali kwa ajili yake, na sithubutu kuwaambia nilikuwa naomba nini.

Lilipobaki juma moja mwaka uishe, nikaenda kumwona muzee anayepokea barua pale ofisini. Akaninong'oneza: “Mama Masika, leta barua yako sasa. Ule mutu hatafika dimanche ya misa. Ukikawia, ule mwingine atakupita.”

Jumanne asubuhi nilimkuta Bauma anagaagaa kwa maumivu. Daktari alikuwa ameandika dawa ya kutuliza, lakini Mama Furaha hakuweza kumwacha peke yake. Nikasema nitaikimbilia mimi. Nikatoka na karatasi ya daktari mkobani, pamoja na barua yangu... na ile jibini. Nikapitia ofisini kwanza! Muzee hakutokea mpaka ofisi ilipokaribia kufungwa. Akapokea jibini, akapiga mhuri wa tarehe. Nikarudi Mabanga nimechoka, moyo mweupe. Dawa niliinunua kesho yake, nikadanganya kwamba jana haikupatikana.

Alhamisi Bauma akafa.

Nililala kwenye kilio siku tatu, nikalia kuliko ndugu zake. Kumbe Ijumaa muzee yule yule alimwita mpwa wa mkubwa, naye akaleta barua yake. Jumatatu kijana alikuwa amekaa kwenye kiti cha Bauma!

Niliwaka moto. Mimi ndiye wa kwanza! Nikashitaki. Nikamwomba Mama Furaha aje mahakamani kushuhudia siku aliyofariki mumewe, ionekane kwamba mwaka ulikuwa haujaisha. Akaja, mtoto mgongoni. Akamwambia jaji: “Huyu mama ni ndugu yetu. Alitusaidia mpaka mwisho.”

Ndipo wakili wa ofisi, ndani ya suti yake ya abacost iliyopigwa pasi, akatoa barua yangu. Muzee alikuwa amewapa! Ikasomwa yote, neno kwa neno. Niliandika kwamba naomba nafasi iliyoachwa wazi na marehemu Bauma. Marehemu! Na mhuri ulikuwa wa Jumanne.

“Citoyenne,” jaji akaniuliza, “ile mardi huyu mutu alikuwa amekufa?”

Watu walicheka, wengine wakasonya. Jaji akaamua kwamba Jumanne hapakuwa na nafasi yoyote wazi, kwa hiyo barua yangu ni bure, na barua halali ni ile ya Ijumaa. Kijana akabaki na kazi. Ofisi ile inanuka, nasema wazi: mkubwa na mpwa wake, na yule muzee aliyekula jibini yangu kisha akaniuza. Lakini siku hiyo niliyenuka kuliko wote ni mimi.

Mama Furaha alinisubiri nje. Nilitaka anitukane, nilitaka hata anipige. Alisema polepole tu: “Mardi tulikungoja na ile dawa, Mama. Alibaki anakuulizia mpaka mangaribi. Akasema pengine umepata shida mu njia.”

Akamfunga mtoto vizuri mgongoni, akaenda zake. Sijawahi kupita Murara tena.

Ndugu msomaji, labda hata wewe jina lako liko kwenye orodha ya akiba mahali fulani. Liache huko. Lima, uza, shona, watoto watakula. Usikanyage mlango wa mgonjwa ambaye unakitamani kiti chake, maana huwezi kumwombea apone. Na kama umetumwa dawa, nakusihi, nenda ukanunue dawa.