Zoezi la Jiwe Linaloanguka

Rafiki yangu Adero, Mkenya aliyefundisha hesabu katika shule moja ya Kampala mwaka 1977, chini ya utawala wa kijeshi, hukunja ngumi kila anaposimulia kisa hiki.

Jumatatu wanajeshi walimkamata Mwalimu Oryem wa fizikia mbele ya wanafunzi wake. Kesho yake mkuu wa shule alimwita Adero.

"Mwalimu, chukua vitabu vya fizikia stoo, uendelee na somo. Oryem amesafiri."

"Amesafiri na kiatu kimoja, mzee? Kingine bado kiko darasani!"

Mkuu aliinamisha macho, akampa ufunguo.

Stoo haikuwa na dirisha, na umeme ulikuwa umekatika. Adero aliingia, mlango ukajifunga nyuma yake. Gizani akasikia kitu kizito kikitumbukia majini. Shule ile iko kilimani, haina kisima wala mto. Kikatumbukia kingine. Na kingine.

"Nani huyo?" akafoka. "Kama mmenifuata mimi, jitokezeni!"

Akaupiga mlango teke, mwanga ukaingia. Sakafu ilikuwa kavu, na vitabu vipya arobaini vilikuwa bado vimefungwa kwa kamba.

Alikata kamba, akafungua cha juu. Zoezi moja liliuliza jiwe likiangushwa kutoka darajani litafika majini baada ya sekunde ngapi. Neno "jiwe" lilikuwa limekatwa kwa wino, na juu yake limeandikwa "mtu".

Alifungua vyote arobaini. Vyote vilikuwa hivyo, na wino ulimchafua vidole, maana ulikuwa haujakauka.