Bibi Kaa Kulia, Gari Linavuta Kushoto

Kila Jumamosi asubuhi, kabla ya kuwasha gari, Kinyozi aliipanga familia yake kama muuza viazi anavyopanga mawe ya mzani.

"Mama, karibu kiti chako," alimwambia mama mkwe wake, huku akimfungulia mlango wa nyuma wa kulia. "Kiti cha heshima."

Bibi alikuwa mama mwenye mwili mkubwa. Aliingia taratibu, gari likainama upande wake, naye akatabasamu.

"Mkwe wangu ana adabu," alisema, kama alivyosema kila Jumamosi. "Wengine wanabebwa kama magunia. Mimi nina kiti changu."

Katikati alikaa binti wa Kinyozi, msichana wa miaka kumi na mitatu. Walimwita Kasuku, kwa sababu neno likimwingia sikioni lazima limtoke mdomoni. Mbele alikaa mke wa Kinyozi na boksi magotini. Yeye alipika keki za kuagizwa, na mtaa mzima ulimwita Mama Keki. Nyuma kushoto hakukaa mtu. Kiti kile kilikaliwa na hewa.

Sababu ilikuwapo. Gari la Kinyozi lilivuta kushoto. Ukilisahau kidogo tu, linakwenda kuusalimia mtaro. Na usukani wake ulikuwa kama mtumishi mvivu: unamwagiza, anajikuna kichwa, anapiga miayo, ndipo anakwenda. Kinyozi alikwisha kuzoea. Kona ya shule aliianza mapema, gari likiwa bado mbele ya kibanda cha fundi viatu. Alipofika kwenye kona yenyewe, gari nalo lilikuwa limekubali.

"Gari hili tunaelewana," alipenda kusema. "Dereva mwingine haliwezi."

Hapo alisema kweli. Dereva mwingine asingelipanda.

Jumamosi hiyo walikuwa wakipeleka keki ya ghorofa tatu shuleni, kwa Mwalimu Mkuu. Mbele ya kibanda cha fundi viatu kulikuwa na tuta. Kinyozi alilipanda polepole. Tairi la mbele likagonga, kitu chini kikalia *kakata!* na usukani ukamponyoka mikononi. Gari likakata kushoto lenyewe.

"Egemeeni kulia!" Kinyozi alipiga kelele.

Wote wakaegemea kulia. Bibi aliegemea kwa moyo wote. Gari halikujali. Liliingia mtaroni, pua chini, hatua mbili kutoka kwa fundi viatu. Fundi viatu alikuwa ameshika kiatu cha mteja. Aliruka nacho, na alisimama mbali sana kwa mtu mwenye umri wake.

Hakuna aliyeumia. Ila ghorofa ya tatu ya keki ilikuwa kifuani mwa Mama Keki, na ya pili imekaa juu ya ya kwanza kama mtu aliyezimia.

Walimalizia safari kwa miguu. Shuleni, Mwalimu Mkuu alifungua boksi, akachungulia ndani.

"Mama Keki," alisema, "niliagiza ghorofa tatu. Hapa naona uji."

"Nisamehe, Mwalimu. Ni barabara."

"Barabara hii hii mimi hupita kwa baiskeli na mayai." Akafunga boksi. "Jumamosi ijayo ninastaafu. Wageni ni mia moja. Nitakupa nafasi ya mwisho. Ikifika hivi, nitawagawia biskuti, na nitawaeleza wageni wote kwa nini."

Walirudi nyumbani kwa miguu. Pale mlangoni Mama Keki alimgeukia mumewe.

"Leo ni keki," alisema. "Kesho anaweza kuwa mtoto anayevuka barabara. Nisikilize, baba. Gari hili lisipokwenda sawa kabla ya Jumamosi, mama yangu na mwanangu hawalipandi tena, wala mimi. Utabaki wewe nalo, mwelewane vizuri."

Bibi alikuwa bado anafikiri.

"Mkwe wangu, kwa nini ulituambia tuegemee kulia? Na kwa nini kushoto hakai mtu?"

Kinyozi alikohoa. Alimtazama Kasuku kwa jicho la kumwomba. Amwombaye kasuku anyamaze hupoteza pumzi zake.

"Ni kwa sababu yako, bibi," alisema Kasuku. "Baba anasema gari linavuta kushoto, kwa hiyo wewe ukikaa kulia unalirudisha. Anasema wewe ni mzani."

Hata kuku aliyekuwa akiparua uani alisimama.

"Miaka miwili," Bibi alisema polepole. "Miaka miwili najiona mgeni wa heshima. Kumbe mimi ni jiwe!"

"Mama, si jiwe..."

"Ni gunia?"



Baada ya fundi viatu na wenzake kulivuta gari hadi uani, Kinyozi alisubiri Jumatatu, siku aliyofunga duka lake la kunyolea. Aliinua mbele ya gari kwa jeki, akaingia chini na utepe wa mpira uliokatwa kwenye tyubu ya baiskeli. Alikuwa ameona chuma kimoja kinachezacheza. Dawa ya kitu kinachocheza ni kukifunga. Ndivyo alivyofunga mguu wa meza, mkono wa mashine ya kunyolea na mlango wa choo.

"Kinyozi! Toka chini ya hilo gari!"

Sauti ilitoka juu ya ukuta. Alikuwa jirani yao, mama mmoja aliyetengeneza mabasi katika gereji kubwa. Watu walimwita Spana, kwa vile hakuwahi kuonekana bila spana, hata msibani.

"Namalizia, jirani!"

"Toka kwanza! Utamalizia ukiwa hai!"

Kinyozi alitambaa nje, uso umejaa vumbi. Spana alizunguka akaingia kwa mlango wa uani. Alilisukuma gari kwa kidole kimoja. Jeki ikayumba.

"Umeona? Jeki ni ya kuinulia. Si ya kukushikia roho yako. Ikiteleza, tutakutoa kwa koleo."



"Na huo mpira wa baiskeli ni wa nini?"

"Nafunga chuma kinachocheza."

Spana alifumba macho kidogo, kama mtu anayeomba subira. "Kinyozi hajinyoi, jirani. Na asiyejua gari asilifunge kamba. Njoo nikuonyeshe."

Alileta stendi mbili za chuma kutoka kwake, akaziweka chini ya mwili wa gari, akashusha jeki mpaka gari likakaa juu yake. Akaweka mawe mbele na nyuma ya matairi ya nyuma. Akalisukuma tena gari, kwa mikono miwili safari hii. Halikutikisika.

"Sasa shika tairi. Mkono mmoja kushoto, mmoja kulia. Tikisa."

Kinyozi alitikisa. *Kakata, kakata.*

"Shika juu na chini. Tikisa."

Kimya.

"Vizuri. Ingelia hapo, ugonjwa ungekuwa mwingine. Sasa mwite Kasuku atikise, wewe tazama huku ndani." Kasuku alipoanza kutikisa, Spana alionyesha chuma chembamba kilichotoka katikati ya gari mpaka kwenye gurudumu. "Hii ni tairodi. Ukizungusha usukani, tairodi ndiyo inayosukuma na kuvuta gurudumu. Mwishoni ina kichwa. Ndani ya kichwa mna gololi inayozunguka kwenye kikombe, na grisi. Mpira wa kufunikia umepasuka, grisi imetoka, mchanga umeingia, kikombe kimelika."

Bibi alikuwa amesogea na kigoda chake. Hakuwa amemsemesha mkwewe tangu Jumamosi, lakini hili lilimgusa.

"Kama goti langu," alisema.

"Kabisa, bibi. Ila lako hatuwezi kulibadilisha hapa uani."

"Na uzito je?" Bibi aliuliza, akimtazama Kinyozi pembeni. "Mtu akikaa upande wa pili, linapona?"

"Uzito?" Spana alicheka. "Hata ukimpakia tembo, bibi. Kichwa kilicholika ni kilicholika. Siku kikichomoka, gurudumu moja litakwenda sokoni na jingine kanisani."

Bibi alitikisa kichwa. "Umesikia, mkwe wangu? Hata tembo."

Kichwa cha upande wa pili nacho kilipotikiswa kililia, kwa sauti ndogo zaidi.

"Nitanunua kimoja kwanza," alisema Kinyozi. "Hiki cha kushoto."

"Wewe mteja akija, unamnyoa upande mmoja wa kichwa?"

Wakanunua vyote viwili. Kinyozi alikwenda dukani na kile kibovu cha kushoto kikiwa bado garini, akarudi na kitu cha gari jingine. Alikwenda tena na namba ya gari lake kwenye karatasi, kama Spana alivyomwambia mwanzo. Safari hii alipata vyenyewe, na pini mpya.

Jumatano jioni Spana alipotoka kazini, kazi ilianza. Tairi likatolewa. Spana alipaka mafuta kwenye nati zenye kutu, akamwambia Kinyozi angoje yapenye. Kinyozi hakuzoea kungoja, kwani dukani kwake wanaongoja ni wateja. Kisha alichomoa pini ya zamani, akalegeza nati. Kichwa kikagoma kutoka. Kinyozi alichukua nyundo, akalenga juu ya nyuzi za skrubu.

"Hapana! Ukiponda hapo nati haitatoka tena. Piga ubavuni, kwenye chuma kinachokishikilia. Mara mbili tatu, kwa nguvu."

Alipiga. Kichwa kikaruka kutoka kwenye tundu lake. Kinyozi alishangilia kama aliyeng'oa jino la simba.

"Sasa ndipo penye akili," Spana alisema. "Kichwa hiki kimekaza kwenye tairodi kwa nyuzi. Unapokifungua, hesabu mizunguko yote. Kipya utakiingiza kwa hesabu ile ile. Ukikosea, matairi yatatazamana kama watu waliogombana. Na usihesabu peke yako."

"Kuhesabu tu? Mimi nahesabu vichwa kila siku."

Bibi aliingia ndani, akatoka na kopo lake la vifungo vya nguo.

Kinyozi alianza kuzungusha. "Moja... mbili... tatu..." Kwa kila mzunguko, Bibi aliweka kifungo kimoja kwenye upande wa kanga yake. "Kumi na moja... kumi na mbili..."

"Kinyozi! Habari za hapa?" Alikuwa fundi viatu, kichwa kikichungulia langoni. "Lini unafungua? Nywele zimenizidi."

"Karibu, karibu! Kesho saa kumi nitakuwa nimefungua. Miguu haijambo? Uliruka kweli siku ile!" Wakacheka. Mikono ya Kinyozi iliendelea kuzungusha. Kichwa kikamtoka mkononi, kikaanguka chini.

Fundi viatu aliondoka. Kinyozi alibaki amekaa na jasho linamtoka.

"Ngapi?" Spana aliuliza.

"Kumi na... tano?" Alimtazama mkewe. Mkewe alikuwa akiangalia mbingu. "Ishirini?"

Kasuku alianza kucheka. Wakati huo Bibi alikuwa anahesabu vifungo vyake kwa kidole, bila haraka yoyote.

"Kumi na saba," alisema. "Na nusu. Hiki kidogo ndicho nusu."

Spana akapiga makofi. Kinyozi alimtazama mama mkwe wake kama anamwona mara ya kwanza.

"Mama," alisema, "nisamehe. Nilikuweka mahali pasipo pako."

"Zungusha," alisema Bibi. "Kumi na saba na nusu. Mimi nahesabu, wewe funga mdomo."

Wakaingiza kichwa kipya. Upande wa pili nao ukafanywa hivyo hivyo, na lango limefungwa. Spana alikaza nati kwa spana ya kupimia nguvu aliyoazima kazini, akaweka pini mpya na kuikunja miguu. "Nati bila pini," alisema, "ni mlango bila komeo." Mwisho Kasuku aliambiwa atikise tairi. Alitikisa mpaka akachoka. Halikulia.

"Basi tayari kwa Jumamosi!" alisema Kinyozi.

"Bado. Hesabu ya vifungo inakufikisha gereji tu. Kesho uende polepole, wapime mwelekeo wa magurudumu kwa mashine. Usipopima, matairi yatalika ndani ya mwezi."

Alhamisi asubuhi Kinyozi alikwenda gereji peke yake. Alipofika kwenye kibanda cha fundi viatu, mikono yake, kwa mazoea ya miaka miwili, ikaanza kukata kona ya shule. Gari likatii papo hapo. Fundi viatu akaruka kwa mara ya pili wiki ile. Kinyozi alifunga breki hatua tatu kutoka kibandani.

"Samahani!" alipiga kelele. "Sikujua kama linasikia!"

Jumamosi ikafika. Keki ilikuwa ya ghorofa tatu, na juu yake kengele ndogo ya sukari. Kinyozi alikimbilia mlango wa nyuma wa kulia, akaufungua.

"Mama, karibu. Safari hii ni heshima kweli."

Bibi alimpita, akazunguka gari, akaingia nyuma kushoto. Gari likainama upande ule.

"Twende," alisema. "Tuone nani anaongoza gari, wewe au mimi."

Walipanda tuta taratibu. Usukani ukatulia. Mbele ya kibanda, fundi viatu alikuwa amesimama tayari, kiatu mkononi, mguu mmoja nyuma. Gari likapita katikati ya barabara, limenyooka kama mstari wa rula.

Mwalimu Mkuu alifungua boksi mbele ya wageni mia moja. Akahesabu kwa kidole, kama anavyohesabu wanafunzi asubuhi.

"Moja. Mbili. Tatu." Akamtazama Mama Keki. "Barabara imetengenezwa?"

"Hapana, Mwalimu. Gari ndilo limetengenezwa."

Siku hizi, kila mwisho wa mwezi, Kinyozi huinua gari lake juu ya stendi na kutikisa matairi: kushoto na kulia, kisha juu na chini. Bibi hukaa kwenye kigoda, mkono sikioni, akisikiliza. Mpaka aseme "Kimya," gari halitoki uani.