Vitanda vya Bweni na Viatu vya Taa

Kila siku baada ya shule, Magreth alifagia maranda katika karakana ya useremala ya baba yake, Fundi Meshack, kule Sombetini. Kazi hiyo haikumchukiza. Kilichomchukiza kilikuwa ng'ambo ya barabara, kwa Fundi Hans: viatu vya Agnela, binti wa fundi huyo. Havikuwa vya mtumba, na kila Agnela alipokanyaga chini, visigino viliwaka taa nyekundu. Enzi zile za soko huria kila kitu kiliingia madukani, ila miguuni mwa Magreth ziliingia ndala tu.

"Baba, mbona mimi sina viatu kama vile?"

"Kwani wewe ni gari?" baba alitania. Kisha akanuna. Fundi Hans alikuwa ameshinda zabuni ya kutengeneza vitanda vya ghorofa vya shule moja ya bweni ya serikali. Meshack naye aliomba, akapeleka kitanda cha mfano. "Bodi ya shule ilifungua sanduku la zabuni kabla ya muda, sisi waombaji hatupo. Vitanda vyenyewe havikujaribiwa mbele ya mtu. Naipeleka mahakamani."

Magreth akaona nafasi. "Hata mimi nilimwona Baba Agnela akimpa mwenyekiti wa bodi bahasha, nje ya kanisa."

Randa ikasimama mkononi mwa baba. "Ulimwona kwa macho yako?"

"Kwa macho yangu."

Aliwaona wakisalimiana tu. Bahasha iliongezwa na wivu.

Uongo hauhitaji nauli. Magreth alimnong'oneza rafiki mmoja, na kufikia mapumziko shule nzima iliimba, "Mtoto wa bahasha! Mtoto wa bahasha!" Kesho yake Agnela alikuja na ndala. Magreth alidhani angefurahi.

Agnela akaja kuketi karibu naye. "Wanasema viatu vyangu ni vya rushwa. Nimevificha uvunguni. Wewe bado utacheza na mimi?"

Magreth alimsogezea kikombe chake cha uji.

Jioni alifika Wakili Eunike, aliyemtetea Meshack. "Magreth, wewe ndiye shahidi wetu. Bahasha aliitoa mfuko gani?"

"Wa... wa koti."

"Koti?" baba akashangaa. "Hans huyu? Hata kwenye ubatizo wa Agnela alikuja na ovaroli!"

Magreth akaangua kilio. "Hakukuwa na bahasha, Baba."

Wakili akafunga daftari lake. "Shukuru umesema hapa. Jaji angekunasa kwa uongo huu, basi hata habari ya sanduku, ambayo ni kweli, asingeiamini."

Meshack alimshika binti yake mkono, wakavuka barabara.

"Shikamoo Baba Agnela. Nilikusingizia. Sikuona bahasha yoyote."

Fundi Hans aliweka msumeno chini. "Marahaba. Kesho utayasema hayo darasani. Huko ndiko mwanangu alikochekwa."

Akayasema, na siku iliyofuata Agnela akarudi na viatu vyake.

Mahakamani Meshack alizungumzia sanduku tu. Jaji akakubaliana naye: zabuni irudiwe mbele ya waombaji wote. Siku ya majaribio, Mama Sumari, mpishi wa shule, mwanamke aliyekula alichopika, alipanda juu ya kitanda cha Meshack.

Kriiii!

"Fundi, unataka kuniua?" Akahamia cha Hans, akajigeuza huku na huku, kisha akaomba mto. Kitanda kimya.

Watu walicheka, na Meshack aliwashinda wote kwa kucheka. Hans alipata tena kazi ile.

"Sasa kesi ilikuwa ya nini, Baba?" Magreth aliuliza wakirudi nyumbani. "Si tumeshindwa?"

"Nilidai nipimwe mchana kweupe, nikapimwa. Hiyo ndiyo haki, mwanangu, na haki haiahidi ushindi. Tena kitanda kimepiga kelele, nimejua pa kukaza. Wivu hauonyeshi pa kukaza. Unaonyesha miguu ya mwenzio tu."

Ng'ambo ya barabara taa nyekundu ziliwaka. "Magreth!" Agnela aliita. "Njoo! Kimoja uvae wewe, kimoja mimi!"

Magreth akamtazama baba yake.

"Nenda," baba akasema. "Ila ukirudi ufagie. Maranda hayana wivu. Yatakusubiri."