Aliyebeba Taulo la Buluu

Kidhibiti kilianza kutetemeka juu ya meza saa nane mchana, na hakuna mtu aliyekuwa akicheza.

Urbanus Makau aliacha kutafuna. Alikuwa amefunga mlango wa chumba chake cha michezo ya video ili ale muthokoi wake wa mahindi na maharagwe kwa utulivu, maana ilikuwa siku ya soko hapa Katangi na vijana wangejaa kuanzia saa tisa. Blanketi alilotundika dirishani lilitia chumba giza hata jua likiwaka nje. Mashine zote mbili zilikuwa zimezimwa. Hata hivyo kidhibiti kile, ambacho wachezaji walikiita padi, kilitetemeka, kikanyamaza, kikatetemeka tena, kwa vipindi vifupi vifupi, kama kifua cha mtoto mchanga mwenye kwikwi.

Makau alichomoa waya wake. Padi ikatetemeka mara moja zaidi, ikatulia. Akajiambia kwamba ni stima kidogo iliyokuwa imebaki ndani, akamaliza chakula chake.

Ilikuwa padi ya mashine ya pili, ile yenye mchezo wa kutisha. Mchezo huo ulikuja ndani ya furushi la diski alizonunua Nairobi mapema mwaka ule wa 2003, ukiwa hauna jalada wala picha. Ndani yake mtu anatembea katika hospitali iliyohamwa, akitafuta mlango wa kutokea, na nyuma yake kuna jitu linalomfuata polepole. Jitu likikaribia, padi hutetemeka mkononi, na hapo mchezaji hujua kwamba wakati wa kukimbia umefika. Vijana walilibandika jina la Jini, wakawa wanachekana ni nani aliyepiga mayowe zaidi.

Makau mwenyewe hakuwa mchezaji. Mawazo yake yalikuwa nyumbani, kwa mkewe Nduku, ambaye mimba yake ilikuwa imefika mwezi wa nane. Walikuwa wameingoja mimba hiyo kwa miaka minne. Kila asubuhi kabla ya kwenda kazini aliweka kiganja juu ya tumbo la mkewe na kusubiri mpaka mtoto ateleze chini ya ngozi, ndipo aondoke.

Siku mbili baadaye aliingia Wangechi, binti wa mama aliyeuza viazi duka la pili. Alikuwa nyumbani kwa likizo kutoka chuo cha kompyuta Nairobi.

"Anko, leo niwekee Jini," alisema, akiketi kwenye benchi.

"Nitakuwekea. Lakini ukipiga kelele unatoka. Jana umefukuza wateja wa mama yako."

"Hao walikimbia viazi vilivyooza, si mimi."

Makau alicheka, akawasha mashine. Wangechi alicheza kwa muda, akiwa mwepesi wa vidole na wa maneno. Kisha maneno yakaisha. Makau alipogeuka alimwona ameketi wima, padi ikimtetemeka mapajani, naye hakimbii.

"Anko, hii diski umebadilisha?"

"Nibadilishe na gani? Niko na hiyo moja tu."

"Huyu si yule." Wangechi alishusha sauti. "Huu mchezo nimeucheza Nairobi mpaka mwisho. Jini wake ni mwanamume, mahali pa kichwa ana kengele. Unajua ni kwa nini? Yule mtu anayetembea alikuwa mlinzi wa wagonjwa. Usiku mmoja mgonjwa alipiga kengele, yeye akajifanya hasikii. Kwa hivyo kinachomfuata ni kengele. Waliotengeneza hawakuweka adui hapo, Anko. Waliweka dhambi ya mtu ikipewa miguu. Ndiyo maana hakuna silaha ya kuiua."

"Na huyu?"

"Huyu simjui. Huyu ni mwanamke, na amebeba kitu. Sijui ni dhambi ya nani."

Makau alisogea karibu na kioo cha televisheni. Mwanamke alisimama mwisho wa korido, mrefu hata kichwa chake kikagusa dari, na uso wake ulikuwa laini usio na macho wala mdomo, kama ukuta uliosiribwa udongo. Hakukimbia wala hakutisha kwa mkono. Alinyoosha tu mikono yake miwili mbele, na juu ya mikono hiyo kulikuwa na kitu kidogo kilichofungwa ndani ya taulo la buluu lenye mistari miwili myeupe.

Makau alizima stima ukutani.

"Nenda nyumbani, Wangechi," alisema. "Leo nimefunga."

Taulo lile alilijua. Yeye ndiye aliyeliona mara ya mwisho.

Mwaka wa 1999 Nduku alijifungua mtoto wa kiume nyumbani, mvua ikinyesha. Siku ya pili homa ilimpanda hata akawa hatambui watu, na mchana wa siku hiyo mtoto akafa. Makau alikuwa peke yake. Alimfunga mtoto ndani ya taulo la buluu, akachukua jembe, akamzika kando ya tuta la shamba, kisha akatafuta gari la kumpeleka mkewe hospitali. Nduku aliporudi baada ya wiki tatu aliuliza mtoto amelala wapi. Makau alimwambia, "Hayo tusiyazungumze." Aliuliza tena mara nyingi mwaka huo, naye akajibu vilevile, kwa sababu aliona haya kwamba hakuweka hata jiwe, na mwaka uliofuata matuta yote yalichimbwa upya baada ya mvua kuyabomoa, hata yeye mwenyewe asingeweza tena kupaonyesha.

Na mtoto yule hakuwa na jina. Kwa desturi ya Wakamba mtoto hupewa jina siku ya tatu. Kabla ya siku hiyo huhesabiwa kuwa bado ni wa aimu, yaani wa roho, na akishaitwa jina na wanawake wa boma ndipo huwa mtu wa nyumbani. Huyu alikosa siku moja tu.

Makau alitoa diski kwenye mashine, akaivunja vipande vinne, akavitupa ndani ya choo cha shimo nyuma ya soko. Alikwenda kwa katekista akaomba maji ya baraka bila kueleza sababu, akayanyunyiza pembe zote za chumba.

Kesho yake asubuhi alipofungua mlango alikutana na harufu ya udongo uliochimbwa sasa hivi, udongo mbichi wa mvua, ingawa Katangi haikuwa imepata mvua tangu Aprili. Kifuniko cha mashine ya pili kilikuwa wazi na ndani hapakuwa na kitu. Televisheni ilikuwa inawaka. Mwanamke alikuwa amesogea. Hakuwa tena mwisho wa korido, alikuwa katikati yake, na mikono yake ilikuwa imenyooshwa vilevile. Kutoka kwenye spika ilitoka sauti ya miguu mitupu juu ya sakafu yenye maji, pa, halafu kimya kirefu, halafu pa.

Alifunga chumba kwa kufuli. Aliwaambia vijana kwamba mashine zimeharibika. Kila asubuhi alifungua mlango kidogo ili aone, na kila asubuhi mwanamke alikuwa amepiga hatua moja.

Siku ya tano Nduku alimfuata sokoni. Makau hakumsikia akija. Alishtuka tu kumwona mkewe amesimama kizingitini, mkono mmoja kiunoni, akitazama kioo juu ya bega lake.

"Ile ni taulo yangu," Nduku alisema.

"Toka hapa, Nduku. Hali yako hairuhusu."

"Ile ni taulo yangu ya buluu. Nimeitafuta miaka minne. Mama yangu ndiye alininunulia." Sauti yake ilikuwa ndogo sana. "Makau. Ulimfunga ndani yake?"

Na hapo Makau, ambaye kwa miaka minne alikuwa ameweza kunyamaza mezani na kitandani na hata kanisani walipokuwa wamepiga magoti bega kwa bega, alianza kusema, akasema habari za mvua na jembe na tuta, na jinsi alivyochimba shimo lisilotosha kwa sababu mikono yake ilikuwa haina nguvu, na jinsi matuta yalivyochimbwa upya akiwa amesimama palepale akitazama vijana wa kibarua wakigeuza udongo, akiogopa kila jembe lilipopanda lisije likashuka na kitu cha buluu, na wakati wote alipokuwa akisema sauti ile ya miguu ilikuwa ikipiga, pa, na pa, bila kusubiri tena asubuhi, mpaka uso ule usio na macho ukajaza kioo chote na padi iliyolala sakafuni bila waya ikaanza kwikwi zake.

Nduku alishika tumbo. "Anataka huyu," alinong'ona. "Makau, amekuja kwa huyu."

Walikwenda kwa Mutindi, mama yake Makau, wakamweleza yote. Mwanamke huyo alikuwa Mkristo tangu utotoni na kiongozi wa jumuiya, lakini hakucheka wala hakuwakemea. Alizipepeta kunde zake mpaka zikaisha.

"Yule mtoto hakuitwa," alisema mwishoni. "Amebaki huko kwa aimu, anabebwa na mtu asiye wake. Tumwite. Akipewa jina atakuwa mtu wetu, na mwenye kumbeba atakosa cha kubeba."

"Na akikataa, mwaitu?" Makau alimwuliza mama yake.

"Sijui. Mimi nimeita watoto waliokuwa mikononi mwangu. Huyu wa kwenye televisheni sijawahi."

Walikwenda kwenye chumba cha michezo asubuhi iliyofuata, saa nne, soko likiwa na watu na redio zikiimba maduka ya jirani. Ndani harufu ya udongo ilikuwa nzito hata Nduku akaziba pua kwa leso. Mutindi alijifunga shuka kiunoni, akasimama mbele ya kioo karibu sana, mwanamke mfupi mwenye mvi mbele ya uso ule mkubwa mtupu, akanyoosha mikono yake naye, kama anavyofanya mwanamke anayepokezwa mtoto.

"Wewe ni wa nani?" aliuliza kwa Kikamba.

Hakuna aliyejibu. Padi iligonga sakafu.

"Wewe ni wa nani?" akauliza tena.

Makau alimwona mama yake akisita. Aliona midomo yake ikifunguka na kufungika, na kwa muda mfupi alidhani atageuka na kuwaambia waondoke. Lakini Mutindi alimtazama Nduku, akalitazama tumbo lake, akageukia kioo tena.

"Wewe ni Muli," alisema haraka. "Ni Muli, jina la babu yako. Karibu nyumbani."

Televisheni ilizimika yenyewe. Padi ikanyamaza. Harufu ya udongo ikaondoka mara moja, kama mtu amefungua dirisha, na kutoka nje wakasikia mama yake Wangechi akibishana na mteja juu ya gunia la viazi. Nduku alilia. Makau alimshika, na wote watatu wakasali Baba Yetu katika chumba kile chenye giza.

Wiki mbili zilipita kwa amani. Nduku alijifungua mtoto wa kike zahanatini bila shida, na siku ya tatu wanawake walikuja nyumbani wakiwa na uji na sukari, Mutindi akambeba, akamwita Kalunde. Makau aliuza mashine zote mbili, akaanza kutengeneza baiskeli.

Lakini Kalunde alikataa ziwa la kulia. Akiwekwa upande huo aligeuza uso na kulia, mwili mzima ukikakamaa. Nduku alimnyonyesha wa kushoto, akidhani atazoea. Kisha asubuhi moja, akiwa ameketi mlangoni na mtoto upande wa kushoto, alihisi upande wa kulia ukivutwa. Haukuwa uchungu wala baridi. Ulikuwa mdomo, wenye ufizi, wenye njaa, ukivuta kwa utaratibu mpaka maziwa yakaisha, na chini ya mkono wake mtupu kulikuwa na uzito.

Alimwambia Makau, naye akaenda mbio kwa mama yake. Mutindi alisikiliza akiwa ameinamisha kichwa.

"Nilimwuliza mara mbili ni wa nani," alisema. "Hakujibu. Niliogopa, nikampa jina la mtoto wetu. Sijui kama alikuwa Muli, au alikuwa yule mwenye kubeba. Nilimwambia karibu nyumbani."

"Mfukuze, mwaitu. Mnyang'anye jina."

"Kumpa mtu jina nilifundishwa na mama yangu. Kulichukua tena hakuna aliyenifundisha."

Walimwita katekista, wakamwita padri. Nyumba ilibarikiwa mara mbili. Upande wa kulia uliendelea kuvutwa, kwanza mara tatu kwa siku, baadaye kila Kalunde aliponyonya, na hata ziwa la kushoto likaanza kupungua, kwa sababu chakula alichokula Nduku kilikwenda zaidi kule kulikokuwa na njaa kubwa.

Mwezi wa pili walimpeleka Kalunde kliniki. Muuguzi alimweka kwenye mizani, akatazama kadi, akamtazama tena mtoto, ambaye hakuwa na nguvu ya kulia.

"Amepungua tena," alisema. "Maziwa yanatoka, mama?"

"Yanatoka."

"Basi mbona huyu hashibi?" Muuguzi aliinama karibu. Aliona blauzi ya Nduku ilivyolowa upande wa kulia, na jinsi mkono wake wa kulia ulivyokunjwa na kuinuliwa kidogo, kiwiko kikiwa kimetulia juu ya paja. Aliangalia benchi, akaangalia mgongo wa Makau. "Kwani ni mapacha? Huyo mwingine mmemwacha wapi?"

Upepo uliingia mlangoni ukiwa na vumbi, na Nduku alivuta leso yake polepole juu ya bega la kulia, akafunika kile kilichokuwa pale.