Hodi kwa Mwenye Nyumba

Mize ana miaka sita. Anakaa Pemba, kisiwa cha mikarafuu na mvua.

Leo mvua inanyesha. Jana ilinyesha, na juzi nayo ilinyesha. Nyo, nyo, nyo, maji yanadondoka kwenye ukingo wa bati.

Nyumba imenuna. Hata paka amenuna.

Babu Faki amefariki. Makubadhi yake, viatu vya ngozi, bado yako mlangoni, na hakuna anayethubutu kuyaondoa.

Bibi Shumbana amekaa eda. Mwanamke akifiwa na mumewe hukaa ndani miezi minne na siku kumi, hatoki hata kwa jirani.

Bibi anakaa kitandani, ndani ya chandarua, karibu na dirisha. Amevaa nguo nyeupe. Hasemi neno.

Mama analeta uji. Uji unapoa. Mama analeta chai. Chai nayo inapoa.

"Kunywa japo funda moja, mama," Mama anamwambia Bibi. Bibi anatikisa kichwa. Mikono yake imekonda.

Mize anaogopa. Babu naye alianza kwa kukataa uji.

Chai anayoipenda Bibi ni ya mchaichai. Babu ndiye aliyekuwa akimkatia majani yake, kila siku alasiri.

"Nitakwenda mimi," anasema Mize. "Nitamkatia Bibi."

"Haya, nenda mwanangu," anasema Mama. "Usikawie, mvua hii haina adabu."

Mchaichai unaota nyuma ya nyumba, ng'ambo ya mikarafuu miwili. Dirisha la Bibi linatazama hapo hapo.

Njia ni moja tu. Upande huu kuna miiba. Upande ule kuna shimo limejaa maji. Na katikati ya mikarafuu miwili anakaa buibui.

Mkubwa huyo! Ana miguu minane, mirefu na myeusi. Utando wake ni mpana kama shuka, na jua likiupiga, nyuzi zinang'aa rangi ya dhahabu.

Lakini siku hizi jua halitoki.

Mume wa buibui huyo yuko pembeni ya utando. Ni mdogo kama punje ya mchele. Usicheke, ndivyo walivyo.

Babu alikuwa akiwajua wote wa ukoo huo. "Hesabu miguu, Mize," alikuwa akisema.

Kupe kwenye sikio la mbuzi? Minane. Kidudu chekundu, laini, kinachotoka baada ya mvua? Minane. Nge chini ya jiwe? Minane pia, lakini huyo walimhesabu kwa mbali!

"Wote ukoo mmoja," Babu alisema. "Na huyu wa mikarafuuni ndiye mwenye nyumba kubwa."

Basi kila alasiri Babu alisimama mbele ya utando na Mize ubavuni. Akapiga hodi.

"Hodi, hodi, mwenye nyumba!
Tunapita chini, nyumba hatuvunji."

Na sauti nyembamba ikajibu, halafu ikakohoa kidogo:

"Karibu! Piteni chini, piteni chini! Kho, kho."

Babu akashika kofia yake isianguke. Wakainama, wakapita.

Siku moja Mize aliuliza, "Na asipojibu, Babu?"

"Ukipiga hodi mara tatu, ukasikia kimya, unarudi ulikotoka," Babu alisema. "Nyumba ya mtu haiingiwi kwa nguvu."

Leo Mize yuko peke yake. Anasimama mbele ya utando. Mvua inamlowesha mabega.

"Hodi, hodi, mwenye nyumba!
Ninapita chini, nyumba sivunji."

Kimya jii.

Mize anapiga hodi ya pili. Kimya jii. Anapiga ya tatu. Kimya jii, ila mvua tu. Nyo, nyo, nyo.

Buibui yupo. Anasogeza mguu mmoja.

Mize anarudi nyumbani mikono mitupu.

"Mchaichai uko wapi?" anauliza Mama.

"Hajanijibu."

"Nani?"

"Mwenye nyumba."

Mama haelewi. Amechoka. Anamwaga chai ya Bibi iliyopoa, anaosha kikombe.

Siku ya pili Mize anakwenda tena. Anapiga hodi moja, mbili, tatu. Kimya jii.

"Umekasirika?" Mize anamuuliza buibui. "Au na wewe umefiwa?"

Buibui anavuta uzi katikati ya utando wake. Mize anarudi mikono mitupu, na usiku ule Bibi hali kitu.

Siku ya tatu ni vile vile. Mama anamkuta Mize mlangoni, amelowa chapachapa, mkononi hana hata jani moja. Mize anamweleza kwamba buibui hajibu hodi.

"Mize! Buibui hasemi!" Mama anapaza sauti. "Hajapata kusema! Kesho asubuhi nachukua ufagio, nauondoa utando wote, nipite mwenyewe."

Halafu Mama anajifuta macho kwa upande wa kanga. Babu Faki alikuwa baba yake.

Mize anakaa chini, karibu na makubadhi ya Babu. Anafikiri.

Kama buibui hasemi, nani alikuwa akijibu? Nani alikuwa akikohoa, kho, kho?

Ah.

Alikuwa Babu. Siku zote alikuwa Babu.

Babu amekwenda, na ile sauti amekwenda nayo.

Anaingia chumbani kwa Bibi. Anasimama nje ya chandarua, analia.

"Bibi, kesho Mama atafagia nyumba ya buibui. Na mimi kupita siwezi, hakuna wa kunijibu. Na wewe huli, Bibi. Usife na wewe."

Bibi anamtazama. Anamtazama sana. Chozi linashuka, lakini neno halitoki.

Asubuhi mvua bado inanyesha. Mama anatangulia na ufagio. Mize anamkimbilia nyuma, chwapa, chwapa, kwenye matope.

"Mama, ngoja! Nipige hodi kwanza!"

"Mize, tumesema nini jana?"

"Mara tatu tu, Mama. Tafadhali."

Mama anapumua. "Haya. Tatu tu."

"Hodi, hodi, mwenye nyumba!
Tunapita chini, nyumba hatuvunji."

Kimya jii.

"Hodi, hodi, mwenye nyumba!
Tunapita chini, nyumba hatuvunji."

Kimya jii. Mama anainua ufagio. Buibui anajikunja. Mize anafumba macho.

"Hodi, hodi, mwenye nyumba.
Tunapita chini. Nyumba hatuvunji."

Nyo, nyo, nyo, inasema mvua.

Halafu, dirishani, ikatoka sauti. Nyembamba, inakwaruza, ya mtu aliyekaa siku nyingi bila kusema.

"Karibu! Piteni chini... piteni chini."

Mama akageuka. Nyuma ya nondo za dirisha aliona upande wa nguo nyeupe.

"Mama?" aliita. "Mama, ni wewe?"

"Mimi ndiye mwenye nyumba," ilisema sauti. "Na huo ufagio, hebu uweke chini."

Ufagio ukaanguka matopeni, pwa! Mama alicheka na kulia kwa pamoja.

Wakainama wote wawili. Wakapita chini. Hakuna hata uzi mmoja uliokatika.

Mize alikata mchaichai hadi mikono ikanukia. Wakarudi njia ile ile, na hodi wakapiga tena, maana adabu ni adabu.

Chai ikachemka, tokotoko, tokotoko. Harufu ikaingia hadi chumbani.

Bibi akanywa funda moja. Akanywa la pili. Akakimaliza kikombe, akatazama ndani kama kimebaki kitu.

"Mkate wa kumimina hakuna humu ndani?" aliuliza.

Mama alikimbia jikoni.

Mize alisogea karibu. "Bibi, ulikuwa ukijua kama ni Babu?"

"Nilikuwa nikiwasikia hapa dirishani kila siku," Bibi alisema. "Buibui gani anakohoa vile? Nilikuwa nikimcheka hadi mbavu zinauma."

Bibi akatabasamu kidogo. Halafu akalia kidogo. Mize naye akalia kidogo, na hawakuona haya.

Jua lilipozama mvua ilikuwa bado inanyesha. Mama aliyachukua makubadhi ya Babu, akayafuta tope, akayaweka ndani, chini ya kitanda cha Bibi.

Mize akaja na mto wake. Alisimama mbele ya chandarua. Ni cheupe, kipana, nyuzi zake nyembamba nyembamba. Ndani yake upande wa Babu uko wazi.

"Hodi, hodi, mwenye nyumba," alisema taratibu.
"Ninapita chini, nyumba sivunji."

Chandarua kikatikisika kidogo.

"Karibu," ilijibu sauti nyembamba. "Pita chini, pita chini."

Mize aliinama, akapita chini ya chandarua, akalala upande wa Babu.

"Mgeni njoo, mwenyeji apone," Bibi alisema, akamfunika shuka.

Nje, katikati ya mikarafuu miwili, buibui alikuwa akiunga uzi uliokatwa na mvua. Nyo, nyo, nyo.

"Bibi," alinong'ona Mize. "Kesho utanijibu tena?"

"Kesho nitakujibu. Na keshokutwa."

"Na ukohoe kidogo?"

Bibi akamvuta karibu.

"Kho, kho," alisema Bibi.

Mize akacheka, akafumba macho, akalala.