Fundi Aliyezikwa kwa Simu

Kazi ya Luhende ilimzoesha kutembea kinyumenyume. Anayeongoza wageni mjini hawezi kuwapa mgongo huku anaongea nao, kwa hiyo Jumamosi ile alikuwa anashuka mtaa wa Makoroboi, Mwanza, uso wake uko kwa wageni na kisogo kiko kwenye zogo la wauza ndala, wauza chaja, mama wa mahindi ya kuchoma na spika mbili zinazoshindana kutangaza bei. Alivaa shati la kitenge cha bluu na kofia ya nyuzi, ndevu kazichonga vizuri. Alikuwa anawaeleza kwamba wazee wanasema hapo zamani zilitengenezwa taa za koroboi, ndipo akagonga kitu laini nacho kikamwagika chini.

Lilikuwa rundo la mashati ya mitumba yaliyotoka kupigwa pasi. Mwenye nayo alikuwa kijana mrefu, mweusi wa kung'aa, futi ya fundi inaning'inia shingoni, suruali ina mkunjo unaoweza kukata nyanya.

"Kaka, macho yako umeyaacha nyumbani?"

"Ninayo. Yako mbele."

"Na mimi niko nyuma. Sasa itakuwaje?"

Wageni walicheka wakidhani ni sehemu ya matembezi. Luhende aliinama kuokota, akaona shati moja jeupe limeangukia maji ya mama wa mahindi. Akasema atalifua.

"Utalifua, utalipiga pasi, utalileta mwenyewe," alisema yule fundi. "Sio kumtuma mtu."

Jina lake Otuoma, Mjaluo wa Rorya, na cherehani yake ilikuwa kwenye baraza ya duka la zamani la Mhindi, pamoja na mafundi wengine wanaopunguza mashati ya mitumba. Jumatatu Luhende alipeleka shati. Otuoma akaliinua kwenye mwanga, akawaita wenzake waje kuona kola ilivyopata rangi ya chai, akamuuliza kwa jina wanaloitwa wanaume wa Kisukuma, "Ngosha, hili ulilipiga pasi au ulilibanika?" Luhende, Msukuma wa Kisesa, alicheka mpaka akashika nguzo ya baraza. Akaomba afundishwe. Akafundishwa wiki nzima, na mtu mwenye akili zake hahitaji wiki nzima kujifunza pasi.

Baada ya hapo ikawa simu. Otuoma alipiga mchana kuuliza kama amekula. Luhende akisema amekula michembe ya viazi vikavu, anaambiwa hicho si chakula, hizo ni kuni, aje baraza ale samaki kama binadamu. Jioni Luhende ndiye anapiga, anauliza Mjaluo wake anafanya nini, anajibiwa kwamba anamsubiri mtu fulani anayetembea kama kaa. Hatimaye wakapanga chumba kimoja njia ya Buhongwa. Vijana wawili kuchangia kodi, nani anauliza? Mjini hapa nusu ya watu wanaishi hivyo kwa sababu ya umaskini tulioletewa. Umaskini uliwafichia siri yao vizuri kuliko pazia.

Luhende alikuwa na matembezi ya aina mbili. Ya kwanza ni ya kila mtu: jiwe la Bismarck, majumba ya Wajerumani, soko. Ya pili yalifanyika Jumapili mchana, watu wakiwa bado na nguo za kanisani, kundi halishtui mtu. Waliokuja walikuja kwa kuambiwa na mtu wanayemwamini. Walipita njia zilezile ila maneno yalikuwa mengine. Aliwaeleza wanaume waliopendana na wanaume katika mji huu na wanawake waliopendana na wanawake, tangu enzi za meli za shirika la reli. Aliwaonyesha ulipokuwa ukumbi wa dansi, ambapo mpiga gitaa mmoja alimpigia karani wa bandari nyimbo zilezile kila wiki na mke wa mtu akadhani ni zake. Kule soko la samaki la Mwaloni aliwaeleza wanawake wawili wauza dagaa walioishi chumba kimoja hadi uzee, na padri akawazika kwa jina la dada na dada.

Hakunyoosha kidole hata siku moja. Alisimama ameipa mgongo nyumba anayoisema, anatazama ng'ambo ya barabara, ili mpita njia asijue. Na hakumsema aliye hai. Aliye hai anaweza kukamatwa, anaweza kufukuzwa kazi, anaweza kupigwa. Aliwasema marehemu tu, maana hao serikali imeshamalizana nao.

Mara ya kwanza Otuoma kwenda naye, alitembea nyuma ya kundi njia yote, na walipofika Mwaloni alitoa leso. Usiku ule alimwambia Luhende kwamba hakujua walikuwepo wengine. Alidhani wao wawili ndio wa kwanza, kama ugonjwa mpya.

Kisha mkubwa mmoja akasema redioni. Barabara ya mtaa wa akina Luhende ina mashimo ya kufugia samaki, bomba linatoa hewa, watoto wanakaa chini shuleni, lakini mkubwa alipata nafasi ya kutangaza kwamba wanaume wa namna hiyo watajwe majina. Wa chini yake wakataka kumfurahisha, na wa chini yao nao vilevile, mpaka ikafika kwa mwenyekiti wa mtaa wao, mtu ambaye miaka yote kazi yake ilikuwa kugonga muhuri. Alikuja na watu wawili, akasimama mlangoni, akakitazama kitanda. Kilikuwa kimoja. Akageuka, akaenda kwa mwenye nyumba. Kesho yake mwenye nyumba aliwaambia wahame, bila hata kuwatazama usoni, na yeye alikuwa mtu mwema.

Luhende akaenda kukaa kwa shangazi yake Kisesa. Otuoma aliitwa nyumbani Rorya. Huko kwao mdogo haoi kabla ya mkubwa wake, na mdogo wake, Gidion, alikuwa na msichana tayari, wazazi wa msichana wamechoka kusubiri. Otuoma alisema anakwenda kuongea na wazee wamruhusu Gidion atangulie, halafu anarudi.

"Wiki mbili, Ngosha," alisema kwenye simu akiwa ndani ya basi. "Usimkabidhi mtu pasi yangu."

"Nani ataweza kuishika? Inanijua mimi tu."

Hiyo ndiyo mara ya mwisho walipocheka pamoja.

Simu ya Otuoma ikawa haipokelewi, kisha haipatikani, kisha jioni moja ikapokelewa. Alikuwa Gidion. Luhende alijitambulisha kama rafiki wa Mwanza, akaomba kuongea na Otuoma. Upande wa pili jogoo alisikika kwa mbali.

"Huyo tumemzika," alisema Gidion. "Usipige tena. Na ukithubutu kuja hapa, nitawaitia watu. Najua wewe ni nani."

Aliyefiwa na mkewe huletewa uji na kushikwa mkono, watu hulala sebuleni kwake asije akazidiwa na mawazo. Luhende hakuletewa kitu. Shangazi aliuliza mbona amekonda, akasema malaria. Alilala upande wake uleule wa kitanda na kuuacha ule mwingine, kwa sababu mwili haujui kwamba nafasi hiyo haina mwenyewe tena. Alitaka kwenda Rorya hata akalitazame kaburi. Angesema yeye ni nani? Angekaa na nani, wanaume wa ukoo au wajane? Sheria iliyomnyima jina la kuitwa wakati wa mapenzi ilimnyima na jina la kuitwa msibani.

Miezi ilipopita, akafanya kitu kimoja alichoweza. Alimwingiza Otuoma kwenye matembezi ya Jumapili.

Ilikuwa mchana wa jua kali, maduka mengi ya Makoroboi yamefungwa. Kundi lilikuwa dogo. Miongoni mwao alikuwemo Teodora, mama wa makamo aliyekuja mara nyingi kwa ajili ya wale wawili wa Mwaloni, maana aliwahi kununua dagaa zao. Luhende alisimama ameipa mgongo ile baraza ya mafundi. Akasema hapa palikuwa na fundi wa mashati. Akasema alikuwa na mdomo mkali na vidole vyepesi, na alipompima mtu mabega, mtu huyo alisimama wima wiki nzima. Alisema alipendwa sana na mtu mmoja, na mtu huyo hakupata nafasi ya kumwagia udongo.

Watu hawakuwa wanamtazama yeye. Walitazama nyuma yake.

"Luhende," alisema Teodora polepole. "Baba, geuka."

Kwenye ngazi ya baraza alikuwa amekaa Otuoma, amekonda, suti ya kijivu imempwaya, machozi yamemfikia kidevuni. Alikuwa amekuja kuchukua cherehani yake, na alikuwa amesikia msiba wake wote.

Teodora aliwakusanya wengine akawaongoza kwenda zao. Wale wawili walitembea bila kushikana hadi Kamanga, wakakaa kwenye mawe karibu na kivuko, ambapo magari ya kwenda Sengerema yalikuwa yanapakiwa. Luhende alikuwa anamtazama kama mtu anayeogopa kupepesa.

"Nani alikwambia nimekufa?"

"Gidion. Nilipiga, akapokea yeye."

"Na wewe ukakubali?" Otuoma alicheka vibaya. "Mimi nimekaa kule nikitazama njia. Nasema Ngosha atakuja, hata kwa kujifanya mnunuzi wa ng'ombe. Kumbe uko mjini unawahadithia watu."

"Alisema nikija ataniitia watu."

Otuoma akaokota kijiwe, akakitupa majini. Kisha akasema kwamba simu ilichukuliwa siku ya kwanza, na kila jioni Gidion alikuwa akija kumwambia, kwa sauti ya huruma kabisa, kwamba rafiki yake wa Mwanza hajapiga hata leo. Hakumlaani ndugu yake. Alisema Gidion alikuwa anataka kuoa tu.

"Kwa hiyo basi," alisema Luhende, akimshika mkono waziwazi kwa mara ya kwanza tangu wajuane, "hakuna aliyekosa. Hukuniacha, sikukuacha. Kivuko hicho hapo. Sengerema hawatujui. Wewe utashona, mimi nitalima, nitajifunza hata pasi. Twende tukaishi."

Kwa muda mfupi uso wa Otuoma ulifunguka, ukawa ule wa Makoroboi, na mtu angeweza kuapa kwamba atasimama. Kisha akautoa mkono wake taratibu.

"Nimeoa."

Mfanyakazi wa kivuko alikuwa anapiga kelele gari la mwisho lisogee.

"Anaitwa Favour. Walinitafutia wakati mimi nasubiri simu yako. Nilipoona hupigi nikasema haya, kwani nalinda nini. Ana mimba, Luhende. Yuko stendi ya Nyamhongolo saa hii, amekalia mizigo. Tumekuja kununua vitu vya mtoto na kuchukua cherehani."

"Mwambie ukweli."

"Nikimwambia atalia kwa nani? Atawaambia kwao, kwao watamwambia mwenyekiti, mwenyekiti atampelekea mkubwa wake apate sifa. Na yeye watamcheka maisha yake yote. Hana kosa hata moja, ndiyo shida yenyewe. Angekuwa mbaya ningepanda hicho kivuko."

Kivuko kiliondoka kikiacha povu la kahawia, na waliokuwa juu wakapunga mikono kwa watu wao.

Luhende alirudi naye Makoroboi, akamsaidia kubeba cherehani hadi stendi. Alikuwa na uwezo wa kukataa, lakini kukataa kungemnyima ile safari. Favour alikuwa msichana mdogo mwenye gauni la njano na kilemba cha rangi hiyohiyo, mkono mmoja tumboni, mwingine juu ya mfuko wa beseni na nepi. Alipowaona aliinuka kwa shida, akapiga goti kidogo.

"Shikamoo, shemeji."

"Marahaba."

Otuoma alisema huyu ni rafiki yake wa Mwanza, kisha akapanda juu kufunga cherehani kwenye keria, akachelewa huko kuliko kazi ilivyohitaji. Favour akamsogelea Luhende. Alikuwa na aibu, lakini kulikuwa na jambo linalomsumbua.

"Shemeji, wewe umekaa naye muda mrefu. Mimi sijamjua bado, na hasemi. Namtengea chakula anashukuru, halafu anakiacha. Anapenda nini? Niambie nimfanyie."

Luhende alitazama juu ya basi. Alimwona Otuoma amepiga magoti, kamba mkononi, hafungi chochote. Angeweza kujibu hajui. Angeweza kumwambia kila kitu na kumwacha amekalia mizigo yake.

"Samaki mchemshie, usimkaangie," alisema. "Nyanya usiweke nyingi. Na ukae naye. Akiachwa peke yake mezani hali. Asubuhi usimsemeshe mpaka amalize chai, hajakasirika, ndivyo alivyo. Na anapenda kutaniwa. Mtanie hata kama hujamzoea."

Favour alirudia polepole kama mtoto anayetumwa dukani: kuchemsha, nyanya kidogo, kukaa naye. Akamshukuru mara mbili, akasema Mungu ambariki apate mke mwema.

Konda akapiga ubavu wa basi. Otuoma alishuka, akampa Luhende mkono kama wanaume wanavyopeana stendi, akaushika zaidi kidogo, akaingia. Alikaa kiti cha ndani. Favour ndiye aliyekaa dirishani. Basi lilipoanza kutambaa Luhende alitembea nalo, kisha akaanza kukimbia, kofia mkononi, watu wanampisha.

"Akiumwa hasemi," alimwambia Favour. "Ukiona ameanza kukunja nguo zilizokwisha kukunjwa, ujue anaumwa. Mpeleke hospitali, usimsikilize."

"Nimesikia, shemeji."

Kando yake Otuoma alikuwa anatazama dirisha la upande wa pili, lisilokuwa na kitu cha kutazama. Basi likaingia barabara ya Musoma.